Mchezo wa Saba wa Vasselin

Berea, Johannesburg
8 Novemba 2015

Mjomba wangu Théodore,

Pokea salamu zetu za huku, mimi na Shekinah. Sisi ni wazima. Mtoto amefikisha miaka tisa. Kiswahili chetu anakisikia chote, lakini jibu linatoka kwa Kiingereza, na akikasirika kwa Kizulu. Kutoka kwa baba yake huko Cape Town hakuna habari, nami nimeacha kuuliza.

Nyonga yako je? Burhani anasema sasa unajikokota mwenyewe kutoka kitandani hadi kiti cha dirishani, ila masikio yamezidi kuziba, na ukipigiwa simu unajibu "ndiyo, ndiyo" kwa kila kitu. Ndiyo maana nimerudi kwenye kalamu. Lori lake la vipuri linakuja Lubumbashi kila baada ya wiki sita au saba, naye amekubali kuwa posta yetu.

Tangu vurugu za Aprili, za kuwapiga wageni, sitembei sana. Asubuhi saluni, jioni nyumbani. Lifti ilikufa mwaka jana, nasi tuko ghorofa ya kumi na moja, basi ukishapanda umepanda. Kila miezi sita naenda Pretoria kuongeza muda wa karatasi yangu ya ukimbizi. Nikivuka mpaka karatasi inakufa, na siwezi kurudi kwa mtoto. Unajua haya, nakukumbusha tu usije ukadhani nimekataa kuja kukuuguza.

Sasa habari yenyewe. Mteja wangu mmoja, Nkatha, Mkenya wa benki, aliniambia kuna kampuni ndogo inatafuta sauti. Wanachukua filamu za Kifaransa, wanazitia Kiswahili, kisha zinaonyeshwa kwenye televisheni za dishi Afrika Mashariki yote hadi kwetu. Nikaenda. Anayesimamia Kiswahili ni Mkenya pia, bwana Mureithi. Alinisomesha ukurasa mmoja, akavua miwani, akasema, "Sauti yako ina vumbi, dada. Hilo ni jambo zuri." Filamu zote zimetoka kwenye michezo ya kuigiza ya Mfaransa mmoja aliyekufa zamani, Fernand Vasselin. Wewe ulifundisha Kifaransa miaka thelathini. Ulipata kumsikia?

Mtoto wako,
Murielle


Lubumbashi
3 Januari 2016

Mpwa wangu Murielle,

Namshukuru Mungu aliyetufikisha mwaka huu mpya. Mvua imekuwa nyingi na upande wa jikoni paa linavuja. Jirani anayenipikia, Mama Tumu, ameweka sufuria hapo. Amani ya kanisa letu imevunjika kwa sababu ya kwaya mbili kugombania kinanda. Mimi sisikii kinanda wala ugomvi, kwa hiyo naomba vizuri zaidi kuliko wote.

Nimefurahi kwamba Shekinah anakua. Mfundishe kusoma Kiswahili hata kama hasemi.

Kuhusu ile kazi, usiichukue. Kusuka nywele ni kazi ya heshima, na mteja wa leo unamwona kesho. Mambo ya filamu hayana mwisho mzuri. Tena sauti inaharibika, nimeona walimu wengi wakiipoteza. Jina la huyo Vasselin nalijua. Alifundisha hapa kidogo, akaondoka. Hakuna zaidi ya hapo.

Uwe mwangalifu barabarani.

Mjomba wako,
Théodore


Berea
21 Februari 2016

Mjomba,

Barua yako ilifika na matope ya mpakani Kasumbalesa, lakini ilisomeka. Pole na paa. Nimempa Burhani kipande cha turubai, amwambie mwanawe apande alitandike. Sisi hatujambo. Pretoria nimekwenda, nikapanga foleni kuanzia asubuhi mpaka wanafunga, nikarudi kesho yake. Wameniongeza miezi sita.

Samahani, barua yako ilinikuta nimeshaanza kazi. Na nitakuwa mwongo nikisema najuta.

Tunarekodia kwenye chumba kidogo kama kabati, kuta zote zimevikwa sponji, mlango mzito unafungwa kwa nje. Siku ya kwanza mlango ulipofungwa nilisikia damu yangu mwenyewe masikioni, nikagonga kioo nitolewe. Mureithi akanitoa, akaninunulia chai, akasema, "Hapa kila mtu hugonga mara moja. Ukigonga mara ya pili ndio tutaongea." Sijagonga tena. Nilisema sauti ya bibi kizee mwenye kivuko. Tulibishana kidogo, maana Mureithi anataka Kiswahili cha redio nami napeleka cha Katuba, mtaani kwetu. Niliposema "nitakupika ngumi", kama tunavyosema kwetu badala ya "nitakupiga", alicheka mpaka akalia, halafu akaiacha ndani.

Walitupa ukurasa wa maisha ya Vasselin ili tumjue tunayemsemea. Baba yake alikuwa mlinzi wa malango ya maji kwenye mfereji wa mashua, kaskazini ya Ufaransa. Alisoma kwa taabu, akawa mwalimu. Aliandika michezo saba, na hakuna jumba la maana lililocheza hata mmoja akiwa hai. Alikufa mwaka 1981 kwa ugonjwa wa mapafu, ana miaka arobaini na tatu, katika chumba cha kupanga. Dada yake alikuta madaftari ndani ya sanduku chini ya kitanda. Filamu ya kwanza ilitoka mwaka 1988. Leo ziko tisa, pamoja na za televisheni, na mtaa alikokuwa anadaiwa mkate una jina lake.

Ukurasa unasema pia, kwa mstari mmoja, kwamba alifundisha Lubumbashi "miaka mitatu, hadi 1977". Wewe uliniandikia "kidogo". Mlikuwa shule moja?

Murielle wako


Lubumbashi
10 Aprili 2016

Mpwa wangu,

Turubai limefika na limetandikwa. Mama Tumu anakushukuru, amepata sufuria yake. Nyonga inauma kukiwa na baridi tu.

Ndiyo, tulikuwa shule moja. Alifundisha darasa la tano, mimi la nne, ukuta mmoja kati yetu, na nilikuwa nasikia wanafunzi wake wakicheka wakati wangu wamenyamaza. Alikuwa mrefu, suruali imejaa chaki, anaendesha baiskeli ya kike kwa sababu ndiyo aliyoikuta sokoni. Aliogopa mijusi. Kiswahili alijifunza kwa wauza mihogo, kwa hiyo alijua kugombana kabla ya kujua kusalimu. Siku moja alimwambia Mkuu wa shule, "Wee baba, punguza basi," akidhani ni adabu. Mama yako alicheka hadi akakaa chini.

Mkono umechoka, nitaishia hapa. Mbusu Shekinah.

Théodore


Berea
19 Juni 2016

Mjomba Théodore,

Nakusalimu. Mtoto ni mzima, baridi imeingia, na umeme hukatika jengo zima. Sitaandika mengi ya nyumbani leo.

Kwanza, sikujua kwamba mama yangu alimfahamu Vasselin. Miaka arobaini nimekuwa duniani na sikupata kuambiwa. Umeliandika kana kwamba kalamu ilikuponyoka.

Pili, wiki iliyopita Mureithi alitugawia filamu ya mwisho. Imetoka kwenye mchezo wake wa saba, "Sahihi", ambao aliandika akiwa mgonjwa. Nitakusimulia kama nilivyoiona.

Mji hautajwi, lakini kuna vichuguu vyekundu na bomba la moshi la kiwanda. Kuna mwalimu na dada yake mpiga chapa wa ofisi ya reli. Wanacheza mchezo wa kuchekesha kuhusu mkubwa mmoja anayeita kila kitu kwa jina lake, mpaka mvua. Kwa Kifaransa mchezo haukumkera mtu. Kisha wakaucheza kwa lugha ya sokoni, na watu wote wakaelewa. Watu wa usalama wakaja. Wakamwita kaka, wakamwekea karatasi mezani, wakamwuliza nani aliyeutia mchezo katika lugha ya watu. Alikuwa ni yeye. Akaandika jina la dada yake, akatia sahihi. Dada akafungwa. Alikuwa na mtoto wa kike wa mwaka mmoja.

Kaka katika filamu anaitwa Théo. Dada anaitwa Philo.

Mimi ndiye nitakayesema sauti ya Philo. Mureithi alinipa bila kujua lolote. Nilimuuliza kama naweza kubadilishiwa, akaniambia, "Nani mwingine? Wewe ndiye mwenye sauti yake." Mkataba nimeshatia mkono, na nikitoka katikati ya kazi, barua yao ya kunitambulisha, ninayoipeleka Pretoria niongezewe karatasi, inatoka pamoja nami.

Wewe uliniambia mama Philomène alikufa kwa malaria. Wewe na marehemu mkeo mlinilea, mkanisomesha, sikukosa uji hata siku moja. Basi nakuuliza wewe wala si mwingine. Huyo Théo ni nani?

Murielle


Berea
28 Agosti 2016

Mjomba,

Burhani anasema alikukabidhi barua mkononi, na kwamba uliisoma mbele yake, ukaikunja, ukamwomba akusogezee kiti mbali na dirisha. Alikungoja siku mbili. Hukumpa kitu.

Kurekodi kumesogezwa hadi Novemba, mwigizaji wa kiume anaumwa koo. Nina muda wa kungoja. Sina pa kwenda.

M.


Lubumbashi
2 Oktoba 2016

Murielle,

Nimeandika barua hii mara nne. Tatu nilimpa Mama Tumu awashie mkaa. Hajui kusoma Kifaransa wala Kiswahili, lakini mara ya tatu aliniangalia akasema jambo, nikaona midomo yake, alisema, "Baba, peleka."

Théo ni mimi.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita. Mchezo ulikuwa wa Vasselin, Kiswahili kilikuwa changu. Nilikifanya usiku kumi na mbili na nilijivunia kila neno. Mama yako alikipiga chapa kwa mashine ya ofisini, na akacheza mke wa yule mkubwa. Katika ukumbi wa shule watu walisimama juu ya viti. Siku ya pili yake Vasselin aliwekwa kwenye ndege na begi moja. Siku ya tatu waliniita mimi.

Hawakunipiga. Ningependa kukuambia kwamba walinipiga. Kulikuwa na ofisa mmoja mpole, ana mafua, anapangusa pua. Aliweka nakala ya mchezo mezani akasema, "Mwalimu, mashine hii tumeshaijua ni ya reli. Tunataka tu kujua ni kazi ya nani, wewe au dada yako. Mmoja anatosha." Nilifikiri juu ya chumba walichokuwa wameniweka tangu asubuhi, hakina dirisha, na nilikuwa nimeshasikia mtu akilia upande wa pili wa ukuta. Nikajiambia kwamba wao hawafungi mwanamke mwenye mtoto mchanga, watamkaripia tu. Nilijiambia hivyo wakati kalamu iko mkononi. Nikaandika jina lake. Niliporudi nyumbani sikumkuta, nilikukuta wewe mgongoni kwa mke wangu.

Alikaa miezi saba. Baba yako alikuwa ameshakwenda Zambia kabla hujatambaa, basi alipotoka alirudi kwangu. Alikuwa anakohoa. Aliishi miaka mitatu katika nyumba hii hii, chumba ninacholala sasa, na kifua ndicho kilichomuua, si malaria. Nilisema malaria kwa sababu hakuna anayeuliza malaria ilitoka wapi.

Katika miaka hiyo mitatu niliamini kwamba hajui. Nilimnunulia maziwa, nilimbeba kwenda hospitali, na kila aliponiita nilidhani ndiyo siku. Haikuwa siku. Akafa, nikamzika, na nikawa mtu anayesifiwa mtaani kwa kumlea mtoto wa dada yake.

Kisha mwaka 1996 nilikwenda maktaba ya Wafaransa kutafuta vitabu vya mtihani. Kwenye gazeti moja nikaona picha ya Vasselin na muhtasari wa michezo yake yote saba. Nikausoma wa saba nikiwa nimesimama. Niliondoka bila vitabu na sikuingia tena maktaba ile. Maana nilijua papo hapo ameupata wapi. Yeye alikuwa ameshaondoka nilipotia sahihi. Mtu mmoja tu angeweza kumwandikia. Wale watu walimwonyesha Philomène karatasi yangu. Alijua tangu siku ya kwanza gerezani, na alikaa mezani pangu miaka mitatu akijua.

Ndiyo sababu nilikukataza ile kazi. Sikuogopa wengine, nilikuogopa wewe.

Muhtasari ulisema kwamba katika onyesho la mwisho dada anarudi, anakaa mezani, na hasemi kitu mpaka taa zinazimwa. Sijui kama filamu imefuata hivyo.

Mimi nitakuambia ilivyokuwa kweli. Alirudi Jumatano, jua kali. Alikuwa amevaa kitenge cha mtu mwingine. Alikaa kwenye kiti cha mlangoni, akakuangalia kwa muda mrefu kwa sababu wewe hukumjua, ulijificha nyuma ya mguu wangu. Akaniuliza, "Nani alikuwa anampa uji?" Nikasema, "Mimi." Akasema, "Asante, kaka."

Hakuna siku tangu hapo ambayo sijaisikia ile asante. Masikio yamekufa, yenyewe imebaki.

Sina haki ya kuomba kitu. Naomba tu usiseme kwamba uji ulikuwa wa uongo.

Théodore


Berea, Johannesburg
11 Desemba 2016

Mjomba,

Barua yako nilikaa nayo wiki tatu ndani ya mkoba wa kazi kabla ya kuifungua, kwa sababu Burhani aliponipa hakunitazama usoni. Niliisomea kwenye ngazi, kati ya ghorofa ya sita na ya saba. Watu walinipita. Shekinah alishuka kunitafuta, akakaa kando yangu, akaniuliza kwa Kiswahili, "Mama, nani amekufa?" Ni sentensi yake ya kwanza nzima. Nikamwambia, bibi yako.

Tumemaliza kurekodi. Muhtasari uliosoma ni wa mchezo, filamu ni nyingine. Waliotengeneza filamu hawakuweza kuvumilia kimya. Katika onyesho la mwisho wamempa Philo maneno mengi. Anasimama, anashika mikono ya Théo, anamwambia amemsamehe, kwamba woga si dhambi, kwamba angefanya vilevile. Muziki unaingia. Ni maneno mazuri, mtu mwingine atalia.

Nilimwambia Mureithi kwamba kwenye mchezo wenyewe dada hasemi kitu. Akasema anajua, ameusoma, na yeye pia anaona wamekosea. "Lakini mdomo wake unatembea pale kwenye picha, Murielle. Siwezi kuonyesha mdomo unatembea bila sauti." Basi nikaingia kabatini, mlango ukafungwa, nikasema nimekusamehe. Mureithi akasema haijakaa. Nikarudia. Akasema sauti haina imani. Nilisema nimekusamehe mara kumi na moja, Mjomba. Ya kumi na moja ilikuwa nzuri, wakaichukua. Nilipotoka nilimweleza Mureithi Philo ni nani kwangu. Akauliza kama nataka waifute. Nikasema hapana, kwa sababu ningelazimika kuisema ya kumi na mbili.

Filamu itaonyeshwa huko mwezi wa tatu. Mama Tumu ana dishi, najua, na utamwomba akuwashie hata kama husikii. Utaona midomo ya yule mwanamke na utajua ni wakati gani. Nakuandikia mapema ili usikosee. Sauti ni yangu, maneno ni ya kampuni. Usiyachukue kama yako.

Uji ulikuwa wa kweli. Sijawahi kusema ulikuwa wa uongo, na sitasema. Lakini siku hizi nikipika uji wa Shekinah nasimama na mwiko mkononi mpaka unaungua, kwa sababu sijui niuweke wapi ule wa kwako.

Ningekuwa na karatasi nyingine ningepanda basi nije nisimame mbele ya kiti chako. Sijui ningefanya nini. Labda ningekugombeza mpaka majirani wajae, labda ningekaa tu kama yeye. Siwezi kufanya hata moja. Nimefungiwa huku na wewe umefungiwa huko, na kati yetu kuna Burhani na lori lake.

Basi nisikilize. Usiniombe tena msamaha, na usiniandikie juu ya ofisa mwenye mafua, wala juu ya usingizi wako. Kwa miaka arobaini nimekuwa na mama mwenye maneno mawili, jina lake na malaria. Wewe ndiye uliyebaki duniani uliyekula naye sahani moja. Niandikie yeye. Alitembea haraka au polepole? Alikuwa na umri gani alipojifunza mashine? Kama aliimba kwaya, aliimba sauti ya ngapi? Alinibeba upande gani? Katika ule mchezo wenu, alipotokea jukwaani mara ya kwanza, alisema neno gani hata watu wakapanda viti? Liandike kwa Kiswahili chako kile kile, lote, usipunguze. Ukichoka mkono, pumzika, halafu endelea.

Burhani anafika kwako tarehe tano Januari na atakaa siku tatu. Nimemwambia asiondoke mikono mitupu.

Murielle, binti wa Philomène